Sanduku la Wasomaji: Berto Pasuka ni nani, na kwa nini kundi lake halikudumu?

Katika toleo lililopita tulimtaja kwa mistari miwili tu Berto Pasuka, mcheza ngoma aliyevuma London baada ya Vita Kuu ya Pili kisha akasahaulika. Barua zilizokuja zimetushinda kwa wingi. Nyingine zinamuulizia yeye, nyingine zinauliza mambo ya vikundi vya hapa nyumbani ambayo yeye aliyapitia kabla yetu. Tumezichagua hizi.

SWALI: Wahariri, salaam. Nilipomsoma huyo Pasuka nikakumbuka filamu ya zamani ya Tanganyika iliyohusu ugonjwa wa malale. Je, ndiye aliyecheza ngoma za mle? Na alikuwa Mwafrika wa wapi? *Mzee wa Walukuba, Jinja*

JIBU: Shikamoo mzee. Filamu unayoisema ni *Men of Two Worlds*, iliyotoka London mwaka 1946 chini ya mwongozaji Thorold Dickinson. Kisa chake ni cha Kisenga, mpiga piano wa Tanganyika aliyekaa Ulaya, anayerudi kwao kusaidia kuwahamisha watu kutoka penye mbung'o na kujikuta anapambana na mganga wa kijiji. Baadhi ya picha zilipigwa Tanganyika kweli, ila sehemu kubwa ilitengenezwa katika studio za Denham, Uingereza. Wachezaji wakuu wenyewe hawakuwa wa huku: Kisenga aliigizwa na Robert Adams wa Guyana, mganga akaigizwa na Orlando Martins wa Nigeria. Muziki ulitungwa na Arthur Bliss, na kipande chake cha piano na okestra kiitwacho *Baraza* kimetoka humo.

Ndiyo, Pasuka alifanya kazi katika ngoma za filamu hiyo. Lakini alikuwa Mjamaika. Jina lake la kuzaliwa ni Wilbert Passerley, wa mwaka 1911. Nyumbani walitaka awe daktari wa meno. Yeye akaenda Kingston kujifunza baleti. Huko huko Jamaika aliwaona wazao wa watumwa waliotoroka wakicheza kwa ngoma peke yake, bila ala nyingine, na ukitazama kazi zake za baadaye utaona kwamba jambo hilo halikumtoka. Alicheza pia katika maonyesho ya Edelweiss Park, ule uwanja wa Marcus Garvey mjini Kingston.

Alifika London mwaka 1939, akaingia shule ya Astafieva huko Chelsea, ambayo kabla yake ilikuwa imemfundisha mcheza baleti maarufu Margot Fonteyn. Vita vilipoisha, yeye na Mjamaika mwenzake Richie Riley wakaanzisha kundi lao, Les Ballets Nègres, na fedha za filamu ile ya Tanganyika zikasaidia kuliinua. Jina la Kifaransa lilikuwa la kibiashara. Tangu Diaghilev, mkuu wa kundi la baleti, alipowapeleka Warusi wake Paris mwaka 1909, mnunuzi wa tiketi wa London aliamini kwamba baleti yenye jina la Kifaransa ndiyo baleti.

Walifungua tarehe 30 Aprili 1946 katika Twentieth Century Theatre, ukumbi mdogo wa Westbourne Grove, magharibi mwa London. Watu wakajaa. Yakafuata majukwaa makubwa zaidi, safari za mikoani na za bara la Ulaya. Kufikia mwanzoni mwa miaka ya 1950 kundi lilikuwa limevunjika. Pasuka alihamia Paris, akafariki mwaka 1963. Riley aligeukia uchongaji, akaishi hadi 1997.

SWALI: Mimi ni mwanafunzi wa sanaa za maonyesho Makerere. Naona mahali pengi wanaandika kwamba hilo lilikuwa kundi la kwanza la baleti ya watu weusi Ulaya. Je, Josephine Baker hakuwatangulia? Na walicheza nini hasa, baleti au ngoma? *Kampala*

JIBU: Baker, mcheza dansi Mmarekani aliyevuma Paris, aliwatangulia kwa miaka zaidi ya ishirini, ila kwa kazi ya aina nyingine. *La Revue Nègre* ya Paris, mwaka 1925, ilikuwa onyesho la vipande vipande: wimbo, kichekesho, dansi, wimbo tena, na mwenye ukumbi ndiye mwenye kauli. Les Ballets Nègres walikuwa na wachezaji wao, mtunzi wao na michezo yao yenye kisa, na usiku mzima ulikuwa wao. Kwa maana hiyo dai la “kwanza” linasimama. Ukilitumia katika insha, andika “kundi la kwanza la dansi la watu weusi”, usiseme “wachezaji wa kwanza weusi”, maana hapo utakosolewa na kila msomaji.

Michezo yao ilikuwa ya namna nyingi. *De Prophet* ulitokana na habari za Alexander Bedward, mhubiri wa Jamaika aliyewaambia wafuasi wake kwamba atapaa mbinguni, akaishia hospitali ya wagonjwa wa akili na kufia huko mwaka 1930. (Nabii wa namna hiyo hahitaji kuelezwa kwa msomaji wa Uganda.) *They Came* ulihusu wamisionari wanaofika kijiji cha Afrika, *Market Day* ulikuwa wa soko la visiwani, na *Blood* uliingia katika ibada za vodou za Haiti. Walikuwa na mingine pia, kati yake *Nine Nights*, wa desturi ya matanga ya Jamaika, na *Aggrey*, uliobeba jina la James Aggrey wa Gold Coast. Huyu ndiye mwalimu aliyepita hapa Uganda mwaka 1924 na Tume ya Phelps-Stokes, yule wa mfano wa vibao vyeusi na vyeupe vya piano.

Swali lako la baleti au ngoma lina jibu katika miguu. Hakukuwa na viatu vya ncha. Magoti yalikunjwa, uzito ukashuka chini, na kiwiliwili kikagawanyika: bega na kifua vinakwenda upande mmoja, nyonga upande mwingine. Kutoka baleti Pasuka alichukua mambo mawili tu, ustadi wa kupanga watu jukwaani na ule wa kusimulia kisa bila maneno. Mipigo iliachwa na nafasi ya mchezaji kubuni papo hapo. Muziki wa Leonard Salzedo uliandikwa kwa piano pamoja na ngoma za mikono, na ngoma hizo zilipigwa na watu wa Afrika Magharibi, wakiwemo Ambrose Campbell wa Lagos na wenzake wa West African Rhythm Brothers. Wachezaji nao walitoka huku na huko, Karibiani, Afrika Magharibi, na wengine wazaliwa wa Uingereza. Mmoja wao, John Lagey, baadaye alipata umaarufu mkubwa zaidi kwenye ulingo wa mieleka kwa jina la Johnny Kwango. Pigo lake lilikuwa la kichwa.

SWALI: Nafundisha shule ya sekondari na nina klabu ya utamaduni. Tukipeleka kadodi kwenye mashindano, jukwaani inakufa. Barabarani inawaka moto, lakini ukumbini waamuzi wanapiga miayo. Hao kina Pasuka waliwezaje? *Mwalimu, Mbale*

JIBU: Mwalimu, kadodi ni ngoma ya kutembea. Barabarani ina kilomita za kwenda na watu wanaoifuata. Jukwaani mnaingia upande mmoja na baada ya hatua kumi na sita mmefika ukutani. Hapo ndipo watoto wanaanza kupiga hatua mahali pamoja wakimtazama mwalimu, na mwendo umekwisha.

Pima jukwaa kwanza. Kumbi nyingi za shule zina upana wa kama mita 8 na kina cha mita 6. Ukivuka kwa upana una mita 8. Ukivuka kwa mshazari, toka kona ya nyuma hadi kona ya mbele ya upande wa pili, una mita 10, na kwa hatua ya nusu mita hizo ni hatua ishirini. Faida si hizo mita mbili pekee. Anayekuja kwa mshazari anaonekana anakua, uso na kifua vimeelekea watu, na walio nyuma yake hawajifichi migongoni mwa wenzao. Waingize kwa mshazari, wageuze mbele kwa kona fupi, warudi kwa mshazari wa pili. Mizunguko mitatu ya namna hiyo inatoa mita 60 za safari, na mtazamaji anaamini kwamba mnakwenda mahali.

Pili, duara. Ngoma zetu nyingi zinafungwa kwa duara kwa sababu watazamaji wanalizunguka. Ukumbini wote wako upande mmoja, kwa hiyo nusu ya kikundi inawapa mgongo. Lifungue duara liwe kama kwato, mdomo ukielekea watu, na mchezaji bora asimame karibu na mkunjo wa nyuma, wala si mbele kabisa. Akisimama mbele anawaziba wengine na yeye mwenyewe haoni wenzake wakikosea.

Tatu, wapigaji. Kosa la kila mwaka ni kuwaficha nyuma karibu na pazia. Kitambaa kinameza sauti, na mpigaji haioni miguu ya kiongozi. Waweke pembeni mbele, wamegeukia ndani nusu mgeuko, ili macho yao yafike kwenye miguu ya kiongozi na migongo yao isiwaelekee waamuzi. Mkubaliane alama tatu tu za kubadilisha mwendo, zitolewe na ngoma moja, ile ile kila siku. Alama tano ni nyingi. Siku ya siku, kwa woga, mtoto mmoja atageuka mapema na kumi watamfuata.

Nne, muda. Mkipewa dakika 12, kuingia kuchukue mbili, kiini saba, kutoka tatu. Vikundi vingi hufanya kinyume: vinaingia kwa dakika tano na kutoka mbio kengele ikilia. Kutoka kunahitaji muda kwa sababu mwendo lazima uendelee mpaka mtu wa mwisho apotee machoni, na ngoma inyamaze baada yake.

Mkija kualikwa nje, ulizeni jambo moja zaidi. Majukwaa ya kumbi za zamani za Ulaya yana mteremko kuelekea watazamaji, mara nyingi kiasi cha moja kwa ishirini na nne, yaani sentimita 4 hivi kwa kila mita. Jukwaa la kina cha mita 6 lina kisigino kilichopanda robo mita nyuma. Mchezaji wa ngoma ya kiuno hataona tabu sana. Anayezunguka au kuruka atajikuta anasukumwa mbele kila anapotua. Dawa ni kufanya mazoezi juu yake kwa saa moja na kuuelekeza mzunguko mkubwa upande wa juu. Na sakafu ikiwa imetandikwa mpira, njuga zitasikika lakini kishindo cha unyayo kitapotea. Ombeni mbao tupu.

SWALI: Ngoma zetu zina sauti nzuri mchana, jioni ya onyesho zinalia kama debe lililolowa. Tunazipasha kwenye jiko, juzi engalabi, ile ngoma ndefu, imepasuka. Tunakosea wapi? *Masaka*

JIBU: Ngozi inavuta unyevu wa hewa na kulegea. Mpo karibu na ziwa, na jua likizama unyevu unapanda, kwa hiyo si ajabu. Kosa ni kuzipasha zote sawa. Embuutu, ile ngoma kubwa, ni ya ngozi ya ng'ombe, nene, na imekazwa kwa kamba. Inavumilia moto na ikilegea sana unaweza kuzikaza kamba zenyewe. Engalabi imewambwa kwa ngozi ya kenge, nyembamba, na imepigiliwa ubavuni. Haina kamba ya kukaza, kwa hiyo inategemea joto tu, na joto hilo hilo likizidi ndilo linaipasua, hasa pale kwenye vigingi.

Washeni moto wa majani makavu au vijiti, usubiriwe ushuke. Embuutu ikae mbali kama urefu wa mkono, uso ukielekea moto, igeuzwe kila dakika mbili au tatu, na kiganja kipimwe kwenye ngozi: ikiwa huwezi kukiweka ukahesabu hadi kumi, imezidi. Engalabi iwekwe mara mbili ya umbali huo, kwa muda mfupi, na mjaribu sauti kila baada ya dakika moja. Jiko la mkaa ndilo adui: joto lake limekusanyika mahali pamoja, katikati ya ngozi inakauka wakati kingo bado zina unyevu, na hapo ndipo inapochanika.

Msizikaze mpaka mwisho kabla ya kupanda jukwaani. Taa za jukwaa nazo zinakausha, na ngoma iliyoanza vizuri inaweza kupanda sauti katikati ya mchezo hadi isipatane na zenzake. Ziwekeni nje ya mwanga wa moja kwa moja. Ukumbi wa kisasa ukikataza moto, tumieni hita ya feni kwa umbali, au balbu ya moto iliyofungwa ndani ya boksi kubwa ambamo ngoma zinalala mchana kutwa.

Kuhusu London ya kina Campbell, fikirini baridi ya mwanzoni mwa 1947, wakati theluji ilipofunga reli na nchi ikapungukiwa makaa ya mawe. Ngozi haipendi hali ya namna hiyo, mpigaji awe hodari namna gani.

SWALI: Ninyi mnasema kumbi zilijaa. Kama zilijaa, kundi lilikufaje? Naongoza kikundi cha watu 25 na ningependa kujua tusije tukafuata njia ile. *Ntinda, Kampala*

JIBU: Kundi la dansi haliwezi kuishi kwa mapato ya mlangoni pekee, hata likipendwa. Arts Council ya Uingereza, baraza la kugawa ruzuku za sanaa, ilipata hati yake ya kifalme mwaka 1946, mwaka ule ule Pasuka alipofungua, na ruzuku ikaanza kwenda kwa makundi ya baleti na opera. Les Ballets Nègres hawakuiona. Juu yake kulikuwa na kodi ya burudani iliyokatwa kwenye kila tiketi, na nguo ziliuzwa kwa kuponi mpaka Machi 1949, kwa hiyo hata kitambaa cha mavazi kilikuwa cha kupigania. Wakosoaji wa magazeti nao, wengi wao, waliwasifu kwa “asili” na “silika” badala ya kazi. Sifa za namna hiyo hazimshawishi mtu anayegawa ruzuku, kwa kuwa zinasema hakuna kilichofundishwa wala kutungwa.

Sasa hesabu, kwa shilingi zetu na kwa namba za mfano. Ukumbi wa viti 300 umejaa asilimia 70: watu 210, kiingilio 30,000, jumla 6,300,000. Mwenye ukumbi anachukua asilimia 40, mnabaki na 3,780,000. Posho ya watu 25 kwa 60,000 ni 1,500,000. Malazi kwa 40,000 kila mmoja, 1,000,000. Chakula kwa 15,000, 375,000. Basi na mafuta, 900,000. Jumla ya matumizi ni 3,775,000. Mmebakiwa na shilingi elfu tano, na hamjashona vazi wala kununua ngozi. Ukumbi ukijaa nusu tu mna upungufu wa 1,075,000 kwa usiku mmoja.

Na hapo hatujagusa siku za safari. Siku ambayo hamchezi, malazi na chakula bado vinalipwa: 1,375,000 zimetoka, hakuna kilichoingia. Safari ya maonyesho sita yaliyotapakaa katika siku kumi inaua kundi kwa haraka kuliko ukumbi mtupu. Kwa hiyo kabla ya kutia sahihi, msihesabu maonyesho; hesabuni siku za katikati. Dai angalau maonyesho mawili kila mnapolala. Omba malipo ya uhakika yanayotosha posho na malazi, ndipo mgawane mapato ya mlangoni juu yake. Iandikwe nani analipa nauli ya kurudi, maana vikundi vimewahi kuachwa ugenini na wakala aliyelipa ya kwenda tu. Na mkataba useme wazi kama onyesho linaweza kurekodiwa, kwa malipo gani, na kwa miaka mingapi.

Kikundi cha watu 25 chenye maonyesho ya hotelini kila wiki kinaweza kupona kwa kujigawa: watu 9 kwa hoteli, 25 kwa ukumbi. Watu 9 wakichaguliwa vizuri (wachezaji sita, wapigaji watatu) wanaenea katika gari moja la abiria 14 pamoja na ngoma. Ningewashauri muanzie hapo.

SWALI: Je, ni kweli kwamba wasichana wa London waliruhusiwa kuvua nguo jukwaani mradi wasitikisike? *Mbarara*

JIBU: Kweli. Windmill Theatre ilifanya hivyo tangu miaka ya 1930 hadi ilipofungwa 1964. Afisa wa kasri la mfalme aitwaye Lord Chamberlain ndiye aliyetoa kibali cha kila mchezo, na mamlaka hayo yaliondolewa mwaka 1968. Msichana akisimama tuli alihesabiwa ni sanamu. Akipiga hatua ni uchafu. Paris hawakuwa na sheria hiyo.

SWALI: Kwa Wafaransa je? Kulikuwa na Mwafrika halisi aliyefanya kazi hiyo, si wa visiwani? *Arua*

JIBU: Alikuwepo, na kwa maoni yetu anastahili kitabu kizima. François Benga, aliyejulikana kama Féral Benga, alizaliwa Dakar mwaka 1906 na kufikia katikati ya miaka ya 1920 alikuwa jukwaani Folies Bergère, katika onyesho lile lile la Josephine Baker. Mwaka 1930 Jean Cocteau alimpa nafasi ya malaika mweusi katika filamu yake ya kwanza. Mchongaji Mmarekani Richmond Barthé alimtengenezea sanamu ya shaba mwaka 1935, uchi, mkono umeinuka juu ya kichwa na upanga uliopinda, na sanamu hiyo leo inajulikana kuliko mwenye mwili wenyewe.

Katika miaka ya 1930 alisafiri Afrika Magharibi na mwandishi Mwingereza Geoffrey Gorer kutazama ngoma za vijijini. Yaani alifika Paris akicheza “Afrika” waliyoitaka Wafaransa, kisha akaenda kuitafuta ile yenyewe akiwa mtu mzima. Baada ya vita aliendesha La Rose Rouge, kilabu ya usiku ya Paris yenye jukwaa dogo. Akafariki mwaka 1957. Kazi ya mchezaji wa kabareti huisha mapema kwa sababu ya magoti. Aliyekuwa na akili alinunua mlango, yaani akawa mwenye ukumbi.

Miaka ile ile ya mwisho wake, Keita Fodéba wa Guinea alikuwa Paris akiunda Les Ballets Africains, ambalo baada ya uhuru wa 1958 likawa kundi la taifa. Hapo ruzuku ilipatikana, kwa sababu mtoaji alikuwa serikali ya wenye ngoma. Makundi ya taifa ya Afrika Mashariki, pamoja na Heartbeat of Africa letu la miaka ya 1960, yalifuata njia hiyo ya kulipwa na serikali. Uzuri wake ni mshahara. Ubaya wake ni kwamba serikali ikibadilika, ngoma inabadilika.

SWALI: Hakuna video ya Pasuka popote? *Lira*

JIBU: BBC iliwaonyesha mwaka 1946, televisheni ilipofunguliwa tena baada ya vita, lakini wakati huo matangazo yalikwenda moja kwa moja hewani bila kurekodiwa. Yakaisha yalipoisha. Kinachobaki ni ile filamu ya Tanganyika, picha za Angus McBean, na filamu ya Stephen Dwoskin ya mwaka 1986, *Ballet Black*, iliyowakusanya waliokuwa wachezaji wa kundi wakiwa wazee.

SWALI: Mama yangu mkubwa alicheza Heartbeat of Africa. Ana picha, vijitabu na nguo. Anakumbuka kila hatua lakini miguu inauma. Tufanye nini kabla mambo hayajapotea? *Fort Portal*

JIBU: Anza na picha, wakati yeye amekaa nawe. Nyuma ya kila moja, pembeni, andika kwa penseli laini ya 2B: nani yupo kuanzia kushoto, ngoma gani, mji gani, mwaka. Kalamu ya wino inapenya upande wa pili. Usizifunike kwa plastiki ya moto na usibandike kwa selotepu, maana gundi inageuka njano na kula picha. Skani kwa nukta 600 kwa inchi, pande zote mbili. Asipokumbuka mwaka, muulize nani alikuwa mjamzito, gari gani liliwabeba, nani alikuwa waziri; mwaka utajitokeza wenyewe. Vijitabu vya maonyesho usivichukulie kama vina ukweli wote: vilichapwa kabla ya onyesho, na mtu aliyeugua siku hiyo jina lake bado limo. Mwombe asahihishe kwa penseli.

Hatua zake usimlazimishe kuzicheza. Mketishe kwenye kiti kigumu kisicho na mikono, acheze runyege, ile ngoma ya njuga, kwa mikono na mabega, na miguu aionyeshe polepole kila mmoja peke yake, huku akitamka mpigo kwa mdomo. Kisha kijana aliyefundishwa naye asimame acheze, mama mkubwa amkosoe kwa sauti. Makosa anayoyasahihisha ndiyo yenye elimu kubwa zaidi, hivyo usiyakate kwenye video. Kamera moja ikae imara mbele, ionyeshe mwili wote hadi vidole vya miguu. Watu wengi hukata miguu ili wapate uso. Ya pili ikae nyuma. Ngoma zirekodiwe moja moja kwa dakika mbili kila moja, halafu zote pamoja, maana zikisikika pamoja tu hakuna atakayeweza kuzitenganisha baadaye.

Njuga na ngozi zisihifadhiwe kwenye mfuko wa nailoni, zitaota ukungu. Sanduku la bati lililoinuliwa kutoka sakafuni, karatasi safi ndani, na mbegu za njuga zikaguliwe kila baada ya miezi michache kwa wadudu. Nakala za kidijitali ziwe tatu, na moja isikae nyumba hiyo hiyo.